Jibu langu ni Dick Miller, yule muuza bunduki wa kwenye Terminator

Mhariri umeuliza wiki hii ni mwigizaji gani ambaye sura yake tunaijua ila jina lake hatulijui, na kwa nini akumbukwe. Mimi jibu langu ni Dick Miller. Najua wengi mtasema huyo ndo nani. Haya, mnaikumbuka The Terminator ya 1984, ile sini Arnold Schwarzenegger anaingia duka la bunduki? Yule muuzaji wa kwenye kaunta ndo yeye.

Iangalieni tena ile sini mkiwa mmetulia. Wote tunamkodolea macho Arnold, lakini Arnold pale anataja tu silaha moja baada ya nyingine na uso wake mkavu, kazi yote anaifanya Miller. Anazishusha bunduki moja moja, anamsifia mteja kwamba anajua vitu, mteja akisema anachukua zote jamaa anachangamka kabisa, anasema huenda leo akafunga mapema, alafu anamweleza kwamba bastola zina kusubiri siku 15 ila bunduki kubwa anaweza kuondoka nazo sasa hivi, yaani anaongea kama muuza duka yeyote duniani aliyepata oda nono. Arnold anaanza kujaza risasi palepale, na Miller anamwambia hapana, hiyo hairuhusiwi, kwa sauti ya mtu anayemkumbusha mteja sheria za duka. Ndo anapigwa risasi. Tunashtuka kwa sababu ndani ya muda mfupi hivyo tulishamzoea, tulishajua huyu ni mtu wa aina gani na siku yake ilikuwa inaendaje. Wangeweka mtu wa kusimama tu pale ingekuwa maiti nyingine ya kwenye muvi, basi.

Na hakuanza kwa kutaka uigizaji. Alizaliwa Bronx, New York, siku ya Krismasi 1928, akaenda California akitaka kuwa mwandishi. Rafiki yake Jonathan Haze akampeleka kwa Roger Corman, yule bwana wa muvi za haraka haraka na bajeti ndogo, Corman akasema waandishi anao, anachotaka ni waigizaji, basi akawa mwigizaji. Kwenye Apache Woman ya 1955 alicheza Mhindi Mwekundu, alafu akapewa tena na nafasi ya mzungu wa mjini kwenye muvi hiyohiyo. Kwa Corman ndo kazi ilikuwa inaenda hivyo, mtu mmoja nafasi mbili na hakuna anayeuliza.

Stelingi alikuwa pia, 1959, kwenye A Bucket of Blood, ilipigwa kwa siku tano na bajeti ya dola 50,000. Anacheza Walter Paisley, mhudumu wa mgahawa wa wasanii, anaua paka kwa bahati mbaya, anampaka udongo wa mfinyanzi, watu wanamwita msanii mkubwa, na mnaweza kukisia baada ya paka inakuja nini. Mwaka uliofuata Corman akampa ustelingi wa The Little Shop of Horrors, akakataa kwa sababu aliona ni mtu yuleyule aliyetoka kumcheza, nafasi akapata Haze, yeye akachukua kipande cha mteja anayenunua maua na kuyala kwa chumvi. Mimi uamuzi huu naupenda sana, ni wa mtu anayejua kazi yake.

Sasa maisha yenyewe ya hii kazi. Nafasi ndogo mara nyingi unalipwa kwa siku. Unafika asubuhi umeshika maneno yako, huenda staa unakutana naye siku hiyo hiyo, dairekta ana haraka, jioni kazi yako imeisha na unarudi kusubiri simu ya ajenti. Na hata ukishapiga sini yako bado hujui kama itabaki, Miller alipiga kipande cha Pulp Fiction ya 1994, kikakatwa chote. Kinachowashikilia watu hawa ni chama chao, maana mgomo wa waigizaji wa 1960 ndo ulifanya studio zikubali kuwalipa filamu zao zikirushwa kwenye TV, ila makubaliano yalihusu filamu za kuanzia mwaka huo, za nyuma hazikuingia, badala yake studio zikatoa hela ya mfuko wa pensheni na matibabu. Kwa mtu ambaye miaka ya 50 ndo alikuwa anapiga muvi mfululizo hilo si jambo dogo hata kidogo.

Wapo wanaosema waigizaji kama hawa walikwama, kwamba walishindwa kuwa mastaa. Mimi nakataa kabisa. Dairekta Joe Dante alikulia akimwangalia Miller, na alipopata nafasi ya kutengeneza muvi yake, Hollywood Boulevard ya 1976, akamweka, na akaendelea kumweka muvi baada ya muvi, yule Mzee Futterman jirani kwenye Gremlins ni yeye, na mara kadhaa akampa jina la Walter Paisley, lilelile la 1959. Wangapi kati ya mastaa wakubwa wanaheshimiwa namna hiyo na mtu wa kazi yao? Alifariki Januari 2019 akiwa na miaka 90, ana kazi zaidi ya 150 za filamu na TV.

Kama una muda wiki hii anza na A Bucket of Blood, ina dakika 66 tu, alafu utafute After Hours ya 1985 ya Martin Scorsese, Miller ni mhudumu wa mgahawa na anaonekana kidogo sana, kwahiyo usiinuke kwenda kuchota maji.