Maswali ya Wasomaji: Nianze na Kitabu Gani cha Kiingereza?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Mimi ni mfanyabiashara wa dagaa hapa Kibirizi, Kigoma. Nilimaliza kidato cha nne, na Kiingereza cha kuuzia na kununulia ninakimudu, lakini nina hamu ya kusoma riwaya zinazosifiwa. Nilianza Great Expectations ya Charles Dickens nikiwa na kamusi mkononi, nikaishia ukurasa wa tatu. Je, nirudi kwanza kwenye sarufi, au kuna kitabu kinachonifaa zaidi kuanzia?
Msomaji, Kibirizi, Kigoma

JIBU: Marahaba, dada yangu. Sarufi iache kwa sasa. Kilichokukwamisha ni kitabu ulichochagua. Riwaya hiyo inaanzia makaburini, katika nchi ya majimaji ya Kent huko Uingereza, ambako mtoto yatima anakamatwa na mfungwa aliyetoroka kwenye meli zilizogeuzwa magereza. Msomaji wa London wa mwaka 1860 hakuhitaji kuelezwa habari za meli hizo. Wewe umekutana na lugha ngeni na ulimwengu mgeni kwa wakati mmoja, kwa hiyo kila sentensi imekuelemea mara mbili. Ndiyo maana ninashikilia kwamba anayejifunza Kiingereza kwa njia ya vitabu aanze na kitabu ambacho habari yake anaijua tayari, ili ugeni ubaki kwenye lugha peke yake.

Kwa hali yako ningeanza na Animal Farm ya George Orwell, iliyotoka mwaka 1945. Ni kitabu kifupi, sentensi zake ni nyepesi, na zaidi ya yote kipo katika Kiswahili kwa jina la Shamba la Wanyama, tafsiri ya Fortunatus Kawegere ya mwaka 1967. Soma sura moja kwa Kiswahili leo jioni baada ya kufunga biashara, kisha kesho uisome sura hiyohiyo kwa Kiingereza bila kufungua ile ya Kiswahili. Katika aya ya kwanza utamkuta Bwana Jones amefunga mabanda ya kuku lakini, kwa ulevi, amesahau vitundu wanavyopitia. Anapepesuka uani huku mwanga wa taa yake ukiyumba huku na huku, anavivua viatu kwa kuvirusha mlangoni, anajimiminia bilauri ya mwisho ya bia kutoka kwenye pipa, halafu anapanda kulala, na mkewe tayari anakoroma. Yote hayo, kuanzia kupepesuka hadi kukoroma, yamo katika sentensi moja ya Kiingereza, kitendo kikifuata kitendo. Kwa kuwa picha unayo kichwani, vitenzi vya wakati uliopita vitajipanga vyenyewe mbele ya macho yako, na sarufi unayoiulizia utakuwa umeianza hapohapo. Tena Orwell hurudiarudia: farasi Boxer kila mara anasema kwamba atafanya kazi kwa bidii zaidi, na kufikia katikati ya kitabu utakuwa unaitamka kauli yake hata kabla hajaifikia.

Baada ya hapo njoo nyumbani kwenu. Henry Morton Stanley alimkuta David Livingstone Ujiji mwaka 1871, na mwaka uliofuata alichapisha kitabu kiitwacho How I Found Livingstone. Si kitabu cha kusoma chote, kwa maana ni kirefu na mahali pengine kinachosha. Tafuta sura ya kuingia Ujiji. Hapo utaona msafara ukiteremka kuelekea ziwani kwa bendera na milio ya bunduki, na katikati ya umati Susi, mtumishi wa Livingstone, akimwamkia mgeni kwa Kiingereza. Utamwona na mzee mwenyewe, amepauka kwa uchovu, amevaa kofia ya rangi ya samawati yenye utepe wa dhahabu uliofifia, kizibao chenye mikono myekundu na suruali ya kijivu. Mahali penyewe unapajua na mnara wa kumbukumbu umesimama hadi leo, hivyo macho yako yatakusaidia pale kamusi itakapochelewa. Jambo moja lazima niliseme wazi: Stanley aliwadharau Waafrika na anasimulia bila haya jinsi alivyowachapa wapagazi wake. Msome kwa kubishana naye, na andika ubishi huo pembeni kwa Kiingereza chako, hata kama ni sentensi moja yenye makosa. Kitabu hiki hakilipiwi tena haki za mwandishi, na kinapatikana bure katika maktaba ya mtandaoni ya Project Gutenberg, iliyoanzishwa mwaka 1971. Simu ya kawaida yenye intaneti inatosha kukipakua.

Kuhusu kamusi: usiifungue kwa kila neno. Isome aya yote kwanza, yapigie mstari wa penseli yale yanayokuzuia kabisa na yale yanayorudi mara kwa mara, kisha ndipo uyatafute. Wataalamu wa msamiati, akiwamo Paul Nation wa New Zealand, wamekadiria kwamba ili mtu asome kwa raha bila msaada anahitaji kuyajua takribani maneno 98 katika kila 100. Kitabu kinachokukwamisha mara kumi katika nusu ukurasa kiweke kando, ukirudie mwakani.

Dickens naye usimtupe. Riwaya ile ilitoka kipande kwa kipande katika gazeti la kila wiki, kuanzia Desemba 1860 hadi Agosti 1861. Zamu yake ikifika, isome kwa mwendo huo wa wasomaji wake wa kwanza, sura moja au mbili kwa wiki.

SWALI: Mwanangu yuko kidato cha tatu hapa Tabora. Vitabu vya fasihi ya Kiingereza anavisoma kwa notisi za muhtasari tu, na anasema wenzake wote wanafanya hivyo. Je, nigharamie vitabu vyenyewe?
Mzazi, Isevya, Tabora

JIBU: Vigharamie, ndugu yangu, au mpeleke maktaba akaazime. Chukua Weep Not, Child ya Ngũgĩ wa Thiong'o, ya mwaka 1964. Notisi itamwambia kwamba Njoroge anapenda elimu na kwamba familia yake ni maskini. Kitabu kinaanza na mama yake, Nyokabi, akimwuliza kama angependa kwenda shule, na mtoto anaogopa mama asije akayafuta maneno yale. Kisha mama anamkumbusha kwamba wao ni maskini, hivyo hatapata chakula cha mchana kama watoto wengine. Ni mazungumzo ya sentensi fupi ambazo mwanafunzi wa kidato cha tatu anazielewa bila mkalimani. Mwambie akusomee ukurasa huo kwa sauti, halafu akueleze kwa Kiswahili. Akishindwa, mtafutie kwanza vitabu vya Kiingereza vilivyorahisishwa kwa ngazi za msamiati, na asione aibu, kwa kuwa vimeandikwa kwa ajili ya watu walio mahali alipo. Notisi zisubiri hadi wiki ya mtihani.

SWALI: Kama Mwalimu Nyerere alikwisha kumtafsiri Shakespeare, kuna haja gani ya kuhangaika na Kiingereza chake cha kale?
Msomaji, Kitete, Tabora

JIBU: Anza na tafsiri, lakini usiishie hapo. Nyerere, aliyesoma Shule ya Serikali ya Tabora kuanzia mwaka 1937 na baadaye akafundisha St. Mary's papo hapo Tabora, alitoa tafsiri ya Julius Caesar mwaka 1963, akaipitia upya na kuitoa kwa jina la Juliasi Kaizari mwaka 1969. Tafuta tendo la tatu, onyesho la pili, penye mazishi ya Kaizari. Soma hotuba mbili, ya Bruto, mmoja wa waliomuua Kaizari, na ya Antonio, rafiki wa marehemu, kwa Kiswahili. Kisha fungua Kiingereza na uzisome kwa sauti. Shakespeare amempa Bruto maneno ya nathari, yamepangwa kwa hoja, na Antonio amempa mashairi. Sikiliza jinsi umma wa Roma unavyomshangilia wa kwanza, halafu unavyogeuka ubeti kwa ubeti anapozungumza wa pili. Hilo Kiingereza chake kitakuonyesha hata kabla hujayaelewa maneno yote.