Kwa mnaoleta vyeti Kisongo mkisikia marubani wameadimika

Wadogo zangu, karibu kila wiki kuna kijana anashuka kwenye daladala barabara ya Dodoma, anaingia Uwanja wa Ndege wa Arusha, hapa Kisongo, na shati jeupe lililopigwa pasi na bahasha ya kaki kwapani. Anaamkia vizuri, anakaa, kisha anauliza lile lile: "Nasikia dunia nzima marubani hawatoshi. Hapa mnaajiri?"

Mimi si rubani. Miaka kumi na moja sasa kazi yangu ni kupanga zamu za marubani wa ndege ndogo zinazopeleka watalii hifadhini. Nani anaruka na nani, saa ngapi, aende Seronera au Manyara, hayo yote yanatoka mezani kwangu. Uhaba mnaousoma kwenye simu mimi nauona kama kisanduku kitupu kwenye rosta. Na bahasha zenu ziko kwenye droo ya meza hiyo hiyo. Nataka kuwaeleza imekuwaje vitu hivyo viwili vikakaa pamoja, kwa sababu wengi wenu mnakuja mzazi ameshauza kiwanja na hakuna aliyewaambia kabla.

Agosti ya mwaka mmoja simu yangu iliita saa kumi na moja kasoro alfajiri. Kapteni wa safari ya kwanza alikuwa na mafua na sikio limeziba. Cessna Caravan, ndege ndogo tunazorusha hapa, haishindiliwi hewa ndani kama ndege kubwa, na rubani mwenye sikio lililoziba akianza kushuka anaweza kuumia ngoma ya sikio huku ana watu nyuma. Alifanya vyema kupiga simu. Shida ilikuwa kwangu: kapteni wa akiba sikuwa naye. Wawili walikuwa wameondoka ndani ya miezi miwili, mmoja kwenda Dar es Salaam kwenye ndege kubwa, mwingine nchi za Ghuba ya Uarabuni. Na abiria kumi na mmoja wa Kogatende, kaskazini mwa Serengeti, walikuwa hotelini wanakunywa chai. Agosti nyumbu wanavuka Mto Mara. Mtu aliyeweka akiba miaka mitatu aje kuwaona humwambii asubiri kesho.

Nilipiga simu kaunta za jirani moja baada ya nyingine. Viti vinne hapa, viwili pale, vitatu vya saa saba mchana. Wawili wa mwisho, mtu na mkewe, walikwenda kwa gari kupitia Ngorongoro, siku nzima ya vumbi, wakafika jua linazama. Ndege yetu ilikuwa nzima kabisa, imejazwa mafuta tangu jana yake, ikashinda imefungwa kamba kwenye maegesho. Droo yangu siku hiyo ilikuwa na bahasha sita za vijana wenye leseni.

Kilichokosekana asubuhi ile kilikuwa kapteni. Leseni zilikuwepo sita. Shikeni hapo, kwa sababu habari nyingi zinazosema "marubani wameadimika" zinachanganya hivyo viwili.

Kwa viwango vya kimataifa, leseni ya rubani binafsi huanzia saa 40 za kuruka. Ya biashara ni saa 200, au 150 ukisoma kozi moja mfululizo kwenye chuo kilichoidhinishwa. Ile ya juu, inayokuwezesha kuwa kapteni wa ndege kubwa za mashirika, ni saa 1,500. Mwenye bahasha anakuja kwangu na saa 200 na kidogo. Kampuni inayoikatia ndege bima, na mawakala wanaotuletea wageni, wanataka kapteni mwenye saa nyingi zaidi ya hizo, na nyingine ziwe za aina hiyo hiyo ya ndege na kwenye viwanja vya changarawe. Kati ya saa 200 na saa wanazotaka kuna korongo, na vijana wengi wenye akili na bidii wamekwama humo. Wengine wanauza bima, wengine wana bodaboda, na kitabu cha kuandikia saa za kuruka kiko kabatini.

Wakati huo huo kule juu wanavuta. Mwaka 2020 janga la korona lilipozima safari, mashirika ya Marekani yaliwapa marubani wengi wazoefu malipo ya kustaafu mapema. Abiria waliporudi kwa kishindo, mashirika makubwa yakachukua makapteni wa mashirika madogo, na mashirika madogo yakabaki na ndege zisizo na wa kuzirusha. Machi 2022 SkyWest, mojawapo ya hayo madogo, ilitangaza kutaka kuacha kuhudumia miji midogo 29 ya Marekani, na sababu iliyotaja ni upungufu wa marubani. Kabla ya hapo, Septemba 2017, Ryanair, shirika la Ulaya, ilivuruga mpangilio wa likizo za marubani wake ikalazimika kufuta safari 40 hadi 50 kila siku kwa wiki kadhaa. Hiyo ya Ryanair huwa naikumbuka sana, kwa kuwa ni kosa la mtu wa kazi kama yangu: rosta ikipangwa vibaya, hata shirika lenye marubani maelfu linakwama.

Kwetu mnyororo ni mfupi lakini ni ule ule. Tangu 2016 Air Tanzania imekuwa ikipokea ndege mpya: Q400, kisha Boeing 787 Julai 2018, Airbus A220, na 737 MAX 2023. Ni jambo jema kwa nchi na mimi nalifurahia. Lakini kila ndege inayotua Dar es Salaam inahitaji marubani wa zamu kadhaa, na hao hawaoti. Wanatoka kwenye viti vya Caravan hapa Kisongo na Zanzibar. Aliyeko Dar naye anavutwa kwenda Ghuba. Kila ngazi inachota kwa iliyo chini yake, na ya chini kabisa ndiyo inayolipa: mgonjwa anayesubiri kutolewa porini, mwenye kambi aliyeagiza vipuri, mgeni anayelala Arusha usiku asioupanga. Na mishahara ya viwanja vya vumbi haiwezi kushindana na ya Ghuba, hilo tusidanganyane.

Mtasikia pia kwamba Boeing, kwenye makadirio yake ya 2023, ilisema dunia itahitaji marubani wapya 649,000 ndani ya miaka 20. Ni namba ya kweli ya makadirio, lakini anayeitoa ni muuza ndege, na ni ya dunia nzima kwa miongo miwili. Haikuahidi kazi wewe wa Sakina mwezi ujao. Ukikuta chuo kimeibandika kwenye tangazo lake, waulize wanafunzi waliomaliza miaka miwili iliyopita wako wapi leo, na uombe kuzungumza na watatu kati yao. Chuo kizuri hakitakasirika.

Sasa, utavukaje korongo? Nitasema niliyoyaona yakifanya kazi.

Kulikuwa na dada mmoja, alirudi kutoka Afrika Kusini na leseni yake, akaigeuza kuwa ya Tanzania kupitia TCAA, yaani Mamlaka ya Usafiri wa Anga Tanzania, kisha akakaa nyumbani Ngaramtoni miezi minane. Akaja tukampa kazi ya kaunta: kupima mizigo. Wengi wenye leseni hukataa kazi hiyo wakiona imewashusha. Yeye aliikubali, na akaifanya kama rubani. Mgeni anaruhusiwa kilo 15, begi laini, kwa kuwa sanduku gumu haliingii kwenye sehemu ya mizigo iliyo chini ya tumbo la ndege. Yeye alipima mabegi, akapima na watu, akaandika kila kilo kwa penseli, halafu pembeni akajifanyia hesabu zake za uzito na mizania bila kuombwa.

Kisongo iko futi 4,550 juu ya bahari, na viwanja vingi vya Serengeti viko juu zaidi. Hewa ya huko ni nyepesi, na jua la saa nane likiwaka inazidi kuwa nyepesi. Bawa linabeba kidogo, injini inapumua kidogo, na njia ya kurukia inakuwa fupi ghafla. Mchana mmoja alimfuata kapteni kwenye maegesho na karatasi yake. Mafuta ya kwenda na kurudi, pamoja na wageni wale na maboksi mawili ya kamera yaliyoongezwa dakika za mwisho, ndege isingeweza kuruka navyo vyote salama kutoka kwenye kile kiwanja cha pili. Kapteni alisoma, akanyamaza, akashusha maboksi. Jioni aliniuliza, "Huyu binti ana leseni?" Msimu uliofuata dada huyo alikaa kiti cha kulia, cha rubani msaidizi. Leo yuko cha kushoto, cha kapteni, nampanga na vijana wapya.

Kiti hicho cha kulia ndicho mlango wenu. Caravan inaruhusiwa kurushwa na rubani mmoja, lakini mawakala wengi wa utalii wanadai wawili, na hapo ndipo nafasi ya rubani msaidizi inapopatikana. Ila kabla hujasaini, uliza saa zako zitaandikwaje. Kanuni za kimataifa zinasema hivi: kama ndege ni ya rubani mmoja na wewe uko pale kwa sababu nchi imeamuru awepo wa pili, saa zako huhesabiwa kwa leseni ya juu zisizozidi nusu. Kama uko pale kwa sababu wakala tu ndiye aliyependa, hesabu inaweza kuwa mbaya zaidi. Nenda TCAA uulize kwa maandishi. Nimemwona kijana amejaza saa 600 kwenye kitabu, akifika kwenye usaili zimebaki robo. Alilia mbele yangu na sikuwa na la kumwambia.

Uliza pia mkataba unakufunga miaka mingapi, na ukiondoka mapema unadaiwa nini hasa. Na ukiambiwa ulipe wewe ili ukalie kiti cha kulia, mimi nakushauri ukatae. Najua wapo waliolipa wakafika. Lakini kampuni inayomgeuza rubani kuwa mteja haina haraka ya kumfanya kapteni.

Vyeti viwe hai. Hili linawaangusha wengi kuliko mitihani. Cheti cha afya cha daraja la kwanza ni cha miezi 12. Lugha ya redio: Kiingereza cha daraja la 4 kina muda wake wa kupimwa upya. Na ili ubebe abiria unatakiwa uwe umeruka na kutua mara tatu ndani ya siku 90 zilizopita. Kila mwaka, Mei, mkuu wa marubani huniambia nipige simu tano, na watatu kati ya hao watano vyeti vimekufa. Anachukuliwa wa nne, ambaye huenda hakuwa bora kuliko wenzake, ila alikuwa tayari.

Msije Agosti. Agosti hakuna mwenye dakika ya kufungua bahasha. Njooni Machi au Aprili, masika yameanza, ndege ziko kwenye matengenezo, wakuu wako ofisini na wanafikiria msimu wa Julai.

La mwisho ni zito kwangu. Marubani wakipungua, waliobaki wanabebeshwa. Ulaya sheria inaweka kikomo cha saa 100 za kuruka ndani ya siku 28 na 900 kwa mwaka, na sisi tuna vikomo vyetu. Lakini mtu anaweza kuwa ndani ya kikomo na bado amechoka. Februari 2009 ndege ya Colgan Air ilianguka karibu na Buffalo, Marekani, wakafa watu 50, mmoja wao akiwa nyumbani kwake. Ajali hiyo ndiyo iliyozaa sharti la saa 1,500 kwa marubani wasaidizi wa Marekani, lililoanza kutumika 2013. Marubani wa siku ile wote wawili walikuwa wameshazipita saa hizo: kapteni alikuwa na 3,379, msaidizi 2,244. Msaidizi alikuwa amesafiri usiku kucha kutoka Seattle kuja kazini. Wachunguzi walisema uchovu huenda ulipunguza umakini wao.

Niliwahi kumbembeleza rubani. Ilikuwa safari ya tano ya siku, kwenda Ndutu na kurudi kabla giza halijaingia, kwa sababu viwanja vya kule havina taa. Nilimwambia, "Kapteni, nisaidie hii moja tu." Alikaa kwenye kiti cha plastiki nje ya ofisi, akaninyooshea mikono yote miwili niione ikitetemeka. Hakugomba. Aliniambia, "Kaka, ungekuwa wewe na wanao nyuma, ungepanda?" Safari nikaifuta. Wageni walilalamika, na nilipata barua kutoka kwa wakubwa. Tangu siku hiyo, kijana mpya akianza kazi namweleza habari ya mikono ile kabla sijamwonyesha hata rosta, na namwambia akinipigia simu alfajiri kusema hayuko sawa sitamuuliza mara ya pili.

Rosta ya Juni naimaliza wiki hii. Kwenye kiti cha kulia kuna majina mawili mapya, wote walileta bahasha mwezi Machi.