Usiweke kadi ya benki kwenye kava la simu

Dada, umeuliza kama kuna ubaya kuweka kadi ya benki ndani ya kava la simu. Upo, tena mkubwa. Sumaku ya kava inaweza kuharibu ule mstari mweusi nyuma ya kadi. Chipu, kile kipande kidogo cha rangi ya dhahabu au fedha mbele ya kadi, haidhuriki, kwa hiyo hilo lisikunyime usingizi. Balaa ni kibaka wa kwenye daladala: akikwapua simu, kabeba na kadi. Namba za kulipia mtandaoni zimeandikwa juu yake, na meseji ya kuthibitisha inaingia kwenye laini hiyohiyo, hata akiihamishia simu nyingine. Kadi itie kwenye pochi. Laini yenyewe iwekee PIN, yaani namba ya siri inayoulizwa laini ikiingizwa kwenye simu nyingine, leo hii, tafadhali, na namba ya huduma kwa wateja ya benki iandike kwenye daftari nyumbani, upate kuifungia kadi haraka.