Jibu: Mwanamke wa kwenye kito mbona anatumia mkono wa kushoto?

Salaam mkuu. Umeuliza kwa nini mwanamke aliyechongwa kwenye akiki yako nyekundu ya Kirumi kashika usukani wa jahazi kwa kushoto na pembe iliyojaa matunda kwa kulia, wakati vitabuni ni kinyume chake. Fundi hakukosea. Huo ni mhuri, na wewe umetazama kito chenyewe badala ya alama kinayoacha kikigandamizwa, ambayo hugeuza kushoto kuwa kulia.

Kwanza pitisha kidole: mchoro umezama au umeinuka? Kama umezama na kito hakina ufa, kigandamize taratibu kwenye udongo laini wa watoto kuchezea. Usukani utahamia kulia hapo hapo. Mimi nilibishana wiki nzima na mwenzangu kuhusu Mars, mungu wa vita, "wa mashoto", kumbe dawa ilikuwa donge la udongo.

Usukani na pembe kwa pamoja ni Fortuna, mungu wa kike wa bahati. Ila kagua kichwa kabla hujaandika jina. Akiwa na kofia ya vita, wamemchanganya na Minerva, mungu wa kike wa hekima na vita; akiwa na taji la Isis, mungu wa kike wa Misri, ni Isis-Fortuna. Warumi hawakuona shida kuunganisha miungu kwenye kijiwe kisichozidi ukubwa wa kunde.

Kuhusu umri, picha yako haitoshi, wala haithibitishi kama ni akiki kweli. Chukua lenzi utafute viputo vya hewa ndani. Ukiviona, hicho ni kioo, lakini usikitupe: Warumi wenyewe walimimina nakala za kioo kwa wasiomudu akiki.