Mkuu, hilo boksi la Japani usililipie kwanza

Subiri kwanza mkuu, hiyo hela usitume! Umeuliza Spice and Wolf, ile katuni ya Kijapani, uanze na ya 2008 au ya 2024, na kama dabu ya Kiingereza (yaani sauti za Kiingereza badala ya za Kijapani) itamfaa mdogo wako asiyependa kusoma maandishi, sawa, ila kilichonishtua ni pale mwisho uliposema umepata boksi la diski za Blu-ray toka Japani na muuzaji kakuhakikishia lina "lugha zote". Maneno hayo hayo niliambiwa mimi.

Nilitoa laki 3 na ushee, ushuru bado, nikasubiri wiki 6, likaja boksi zuri kweli, lina picha ya Holo, yule mungu mbwa mwitu wa kwenye katuni aliye na umbo la binti, na masikio yake ya mbwa mwitu na mkia, nikawaita wadogo zangu wote sebuleni. Deki ikagoma. Kumbe Blu-ray zimegawiwa kanda, Japani na Marekani wako A, Afrika tuko B pamoja na Ulaya, na deki yangu ilikuwa ya B tu. Nikahangaika weee mpaka nikaazima deki ya jamaa aliyerudi toka Marekani, diski ikacheza, natafuta Kiingereza kwenye menyu, hamna. Kijapani kitupu, hata maandishi ya Kiingereza hamna. Wadogo zangu wakaondoka mmoja mmoja. Kumrudia muuzaji ananijibu eti alimaanisha lugha zote za Japani, sasa Japani kuna lugha ngapi za kuweka kwenye katuni huyu mtu? Sijamsamehe mpaka leo.

Dabu ya Kiingereza ilirekodiwa Marekani, kule Texas, kwa ajili ya matoleo ya huko, usitegemee kuikuta kwenye boksi la Japani. Na inauma kuikosa, maana Brina Palencia, sauti ya Holo kwa Kiingereza, kaitendea haki. Kwa Kijapani Holo akisema "mimi" anasema "wacchi", usemi wa kizamani wa wanawake wa Yoshiwara, mtaa wa zamani wa madanguro kule Tokyo, Kiingereza hakina neno la hivyo, basi yule dada kabeba yote kwa sauti, unamsikia bibi wa karne nyingi ndani ya binti anayegombania matufaha.

Mwambie muuzaji akupigie picha mgongo wa boksi. Angalia herufi ya kanda, halafu tafuta 英語 kwenye mstari wa sauti, hicho ndicho Kiingereza, usipokiona hakuna dabu. Akizungusha kutuma picha mblock leo leo.