Mbwa harusini: kamba anashika nani?

Tangu niliposema watoto wa pete wapewe biskuti baada ya kanisa, siyo kabla, maswali ya mbwa yamenimiminikia. Haya ni ya wiki hii.

Anti, harusi yetu ni ya bustanini Arusha, Desemba. Mbwa wetu ataleta pete, na msimamizi wa bwana harusi atamshika kamba. Tumekosea?

Mmekosea kwenye kamba tu. Nilihudhuria harusi moja Mbezi, mbwa kafungwa tai ya kitenge, kamba iko kwa msimamizi. Matarumbeta yakalia getini, kina mama wakapokea kwa vigelegele, msimamizi akainua simu arekodi. Mbwa alipita chini ya meza ya keki, kitambaa kikamfuata. Tulimkuta nyuma ya jenereta, anatetemeka, shingoni pete moja. Ya pili aliiokota mfagiaji kesho yake.

Kwa hiyo tafuteni mtu ambaye mbwa anamzoea na hana kazi nyingine siku hiyo. Asiwe ndugu: ndugu ataitwa kwenye picha ya ukoo, kamba itabaki kwa mtoto. Avae viatu vya chini. Wiki ya harusi ampeleke mbwa hapo bustanini mara mbili tatu, anuse kila kona. Shingoni mfunge pete za bandia. Za kweli zikae mfukoni kwa msimamizi, hiyo kazi anaiweza. Suti ya mbwa iacheni. Hatoi jasho mwilini kama sisi, anajipoza kwa kuhema, na jua la saa nane halina huruma. Kiapo kikiisha, picha chache, arudi nyumbani. Matarumbeta yaanze akishaondoka.

Kamati inauliza: mshika mbwa achangie?

Hachangii. Yuko kazini kama mpiga picha. Mlipeni, na sahani yake ihesabiwe.

Mimi Mkristo, mchumba wangu Mwislamu wa Tanga, tunafunga bomani. Mbwa wangu nimemlea miaka sita, nataka awepo. Wakwe wanaguna.

Wana sababu, mwanangu. Waislamu wengi wa pwani yetu ni wa madhehebu ya Shafi, na kwao mate ya mbwa ni najisi nzito: yakigusa nguo au chombo huoshwa mara saba, mara moja kwa maji yenye udongo. Usiwaambie ameogeshwa kwa shampuu. Hilo si jibu la swali lao. Mama mkwe amevaa nguo mpya na akitoka hapo anataka kuwahi swala ya adhuhuri. Piga picha na mbwa wako asubuhi, kwenu, kabla hujavaa gauni. Ukifika bomani uwe umenawa.

Niko Denver, jimbo la Colorado, Marekani. Eti huku mbwa anaweza kutia sahihi kwenye karatasi za ndoa?

Colorado inawaruhusu maharusi kujifungisha ndoa wenyewe, na haidai shahidi, ndiyo maana watu hugonga unyayo wa mbwa kwenye fomu kwa furaha yao. Mkifungia ndoa Tanzania, Sheria ya Ndoa ya 1971 inataka mashahidi wasiopungua wawili. Watu.

Naweza kumwonjesha keki?

Usithubutu. Keki nyingi za harusi ni za matunda, zimejaa zabibu kavu, na zabibu zinaweza kuua figo za mbwa. Chokoleti nayo ni sumu kwake. Mifupa ya kuku iliyopikwa huvunjika vipande vyenye ncha na kumchoma tumboni. Tatizo ni wageni: kila mmoja anamwonea huruma na kumtupia kitu, basi mshereheshaji atangaze mapema. Akila zabibu msingoje atapike, mpigieni daktari wa mifugo hapo hapo. Namba ya daktari iwe kwenye simu ya mshika kamba. Simu ya bibi harusi saa hiyo iko kwenye pochi ya shangazi, na shangazi yuko ukumbini anacheza.