Maswali ya Walimu: Darasa Kubwa, Kipindi cha Dakika 40

Nina wanafunzi 90 Darasa la Tano. Nikiuliza "Mmeelewa?" wote huitikia "Ndiyo, mwalimu!" Mtihani ukija, wanafeli. Nifanyeje?

Achana na "Mmeelewa?", maana haipimi kitu. Anayejua ataitikia, asiyejua atafuata mkumbo. Andika ubaoni swali moja la kuchagua, na kila jibu potofu litokane na kosa ambalo wanafunzi hulifanya kweli. Mfano, 1/2 + 1/3:

1) 2/5  2) 2/6  3) 5/6  4) 1/6

Wape dakika moja wakokotoe kwenye daftari, kimya. Kisha hesabu "moja, mbili, tatu", na kila mmoja aonyeshe namba ya jibu lake kwa vidole, mkono ukiwa kifuani. Wakiinua juu, wa nyuma watamwiga wa mbele.

Sasa soma vidole. Wa kidole kimoja wamejumlisha kiasi (namba ya juu) kwa kiasi na asili (namba ya chini) kwa asili. Wa viwili wamepata asili ya 6 lakini wamesahau kubadili kiasi, na hao wanahitaji hatua moja tu. Wa vinne wamezidisha. Kama robo tatu ya darasa wameonyesha vitatu, endelea na somo, kisha waliokosa wakusanye wakati wengine wanafanya zoezi. Wakiwa pungufu ya hapo, rudi ubaoni, lakini kwa njia nyingine: chora mstatili, ugawe visehemu 6, watie rangi visehemu 3 kwa 1/2, kisha 2 kwa 1/3. Kurudia maelezo yale yale kwa sauti kubwa zaidi hakusaidii.

Wanaonyoosha mikono ni wale wale watano. Wengine wametulia tu.

Pengine huwapi muda. Mtafiti wa Marekani Mary Budd Rowe aligundua kuwa walimu wengi walingoja sekunde moja hivi kabla ya kumtaja mtu au kujijibu wenyewe. Walipongoja sekunde 3 au zaidi, majibu yalirefuka na waliokuwa kimya walianza kusema.

Uliza kwanza, nyamaza, ndipo utaje jina. Ukianza na jina, wengine wote wamepata likizo. Majina yaandike kwenye vijiti ndani ya kopo, na kijiti ukishakichomoa kirudishe, la sivyo aliyekwisha kujibu ataanza kusinzia. Swali likiwa gumu, wape dakika moja wajadiliane wawili wawili kwanza, ili anayetajwa awe na la kusema.

Wanasahau ya wiki iliyopita.

Fungua kipindi kwa maswali matatu mafupi: la jana, la wiki iliyopita, la mwezi uliopita. Daftari zifungwe, waandike kwenye karatasi chakavu, kisha uweke majibu ubaoni wajisahihishe. Dakika 5 zinatosha. Usikusanye alama, kwani ukizikusanya wataanza kuchungulia. Kosa linalowaponza walimu wengi ni kugeuza maswali haya kuwa somo jipya. Nusu ya kipindi inakwisha mada ya leo haijaguswa. Lililowashinda wengi liandike kwenye andalio la kesho.

Kazi ya vikundi inageuka soko.

Kikundi cha wanane ni mkutano. Weka wanne, karatasi moja, kalamu moja inayozunguka, na muda ulioandikwa ubaoni. Usiteue msemaji mapema, mtaje mwishoni.